Soseji za watu arobaini kwenye slokuka, na kwa nini muda wa kwenye kijitabu hautoshi huku kwetu Mbeya

Kamwene kwa wa Iringa na Njombe, ugonile kwa wa huku kwetu Mbeya na Tukuyu. Nimeamua kuandika hili kwa urefu maana kila msimu wa ubatizo na kipaimara naulizwa lile lile, dada zile soseji zako unazipikaje mpaka watu arobaini wanakula za moto na we mwenyewe ulikuwa kanisani tangu asubuhi? Jibu ni slokuka, ile sufuria ya umeme ya kupika taratibu, yenye chungu kizito ndani na mfuniko wa kioo. Sa hivi wengi wanazo, wamepewa zawadi ya harusi au wametumiwa na ndugu aliye nje, ila zimekaa juu ya kabati zimefunikwa kitambaa kwa sababu walijaribu mara moja ikawaangusha.

Hata mimi iliniangusha. Ilikuwa Njombe mwezi wa saba, ubatizo wa mtoto wa mdogo wangu, ile baridi ya Njombe ya maji ya bomba kuuma vidole. Nilitoa soseji kwenye friza zikiwa mawe, nikazimwaga humo pamoja na vitunguu na nyanya mbichi, nikajaza maji mpaka juu kama navyofanya kwenye sufuria ya kawaida, nikaweka swichi kwenye LOW, ile ya kupika polepole zaidi, saa mbili asubuhi nikaenda zangu kanisani na amani. Kijitabu cha maelekezo kilichokuja nayo kilisema masaa manne mpaka sita. Tumerudi saa saba mchana, wageni wameshakaa, nafunua mfuniko hakuna mvuke, mchuzi vuguvugu, soseji zimekuwa za kijivu na katikati bado ngumu. Tukawasha mkaa haraka haraka, watu wakala saa tisa na nusu. Mama mkwe wa mdogo wangu hakusema neno, alikuja tu jikoni akakunja kitenge chake akainama kupepea mkaa pamoja na mimi. Siku ile niliumia sana. Na leo najua zile soseji zilitakiwa kutupwa kabisa, maana nyama iliyokaa vuguvugu masaa matano hata ukiichemsha haiwi salama, kuna bakteria wakishaacha sumu yao kwenye chakula moto hauiondoi. Tulipona kwa neema tu.

Kwaiyo kabla sijafika kwenye hatua naomba uelewe kitu kimoja, maana ukikielewa hiki mengine yote yanakaa sawa. Slokuka haina moto mkali. Ina waya wa joto unaozunguka pembeni, wati 250 mpaka 300 hivi kwa ile ya lita sita, yani birika moja la umeme la wati 2,000 linakula sawa na slokuka saba au nane. Huo moto mdogo unapanda polepole, na LOW na HIGH mwisho wa siku zote zinafika karibu na kuchemka, tofauti ni kasi ya kufika tu. Sasa hivyo vijitabu vimeandikwa kwa ajili ya watu wanaokaa sehemu za chini, ambako maji yanachemka kwa digrii 100. Mbeya mjini tuko kama mita 1,700 juu ya usawa wa bahari, huku maji yanachemka digrii 94 hivi. Iringa mjini ni chini kidogo ya hapo, Njombe wako juu zaidi, wanakaribia mita 2,000. Yeyote aliyehama Dar akaja huku anajua maharage yalivyomsumbua wiki ya kwanza, ni hilo hilo. Juu yake ongeza baridi, chungu baridi, maji baridi, nyama baridi. Masaa yanaliwa yote kwenye kupasha tu, kupika hakujaanza.

Ndo maana njia yangu yote imejengwa juu ya jambo moja: kila kinachoingia kwenye slokuka kiingie kikiwa cha moto.

Hesabu kwanza

Slokuka ya lita sita usiijaze mpaka juu, ishia robo tatu. Ukijaza zaidi joto halifiki katikati kwa wakati, na ukiweka kidogo sana chini ya nusu inaungua pembeni. Kwa kipimo hicho inabeba soseji 40 za unene wa kawaida, kama kilo mbili na robo mpaka mbili na nusu, pamoja na mchuzi wake. Mtu mzima ukimpa mbili mbili hapo ni watu ishirini. Wageni arobaini ni slokuka mbili, usijidanganye kwamba utabananisha. Azima kwa jirani. Mi na wifi yangu tunaazimana kila shughuli, yangu inaenda kwake Iyunga, yake inakuja kwangu.

Kwa slokuka moja andaa soseji 40, vitunguu maji vikubwa vitano, nyanya zilizoiva kumi, karoti nne, hoho tatu, kichwa kimoja kizima cha kitunguu saumu, kipande cha tangawizi kama kidole gumba, nyanya ya kopo vijiko vinne vya chakula, mafuta vijiko vinne, karii na binzari kijiko kimoja kimoja cha chai, asali au sukari kijiko kimoja cha chakula kwa ajili ya kukata ukali wa nyanya, na maji ya moto vikombe viwili tu. Chumvi usiweke mwanzoni, soseji zina chumvi ya kutosha na zitaitoa kwenye mchuzi, utaonja mwishoni.

Nyanya, kama unaweza kupata zile ngumu nyekundu za Ilula zinazoshushwa na mabasi yanayotoka Iringa, chukua hizo, zina nyama nyingi na maji machache. Nyanya za maji maji zitakuharibia, nitaeleza mbele.

Kununua soseji

Hapa usikimbilie bei. Soseji nyingi tunazonunua huku ni za kugandishwa, shika pakiti uiangalie. Kama zimegandana zote zimekuwa donge moja na kuna barafu ya rangi ya damu damu chini ya mfuko, hizo zilishayeyuka zikagandishwa tena, labda friza lilizimwa usiku, rudisha. Nzuri zinatengana, ukitikisa pakiti unasikia zinagongana. Soma maandishi, zipo zilizokwishaivishwa kiwandani na zipo mbichi kabisa, muda wake wa kupika haufanani ila mi nazitendea zote kama mbichi, nalala usingizi.

Angalia na ngozi. Kuna soseji zimevikwa plastiki nyembamba ambayo haiyeyuki wala hailiki, ukichana kidogo na kucha unaiona inatoka kama utepe. Hiyo ivue kabla ya kupika. Nimeshaona mtoto anavuta ile plastiki mdomoni kwenye sherehe na mama yake hajui ni nini.

Halafu suala la kitimoto. Huku kwetu nguruwe analiwa sana, najua, na soseji za nguruwe ni tamu kwa kweli. Ila kwenye watu arobaini kuna Waislamu, kuna Wasabato, na kuna ambao hawasemi tu ila hawali. Mi siku hizi kwenye shughuli ya watu mchanganyiko napika za ng'ombe au kuku tu, zenye alama ya halali, basi. Kama mwenye shughuli anasisitiza ya nguruwe iwepo, basi iwe slokuka yake peke yake, kikaango chake, upawa wake, meza tofauti na karatasi imeandikwa kwa maandishi makubwa, na mtu amesimama pale. Maana ukiweka mbili pamoja upawa utahama, utahama tu, mtoto atauchukua huku auweke kule, na aliyekuamini akala chakula chako utakuwa umemkosea kitu ambacho pole haikirudishi.

Usiku wa kuamkia shughuli

Toa soseji friza uzishushe kwenye friji ya kawaida usiku uliopita, kwenye beseni maana zitatoa maji. Usiziache mezani jikoni eti Mbeya kuna baridi, baridi ya jikoni siyo baridi ya friji, friji inatakiwa iwe digrii 4 au 5. Kama umesahau, ziache kwenye mfuko wake uliofungwa vizuri uzamishe kwenye maji baridi ukibadilisha maji kila nusu saa, saa moja na nusu hivi zimeachia, hapo unazipika moja kwa moja. Za barafu kwenye slokuka usiweke hata moja. Hata moja.

Katakata vitunguu, karoti na hoho usiku huo huo, funika weka friji. Saga saumu na tangawizi. Nyanya zikate asubuhi.

Na LUKU angalia usiku. Slokuka mbili kwa masaa sita zitakula kama uniti tatu, nne kwa wingi, siyo nyingi, ila ikikata saa nne asubuhi na wewe uko kwenye ibada hakuna atakayejua.

Asubuhi yenyewe

Tuseme chakula ni saa saba mchana na ibada inaanza saa tatu. Amka saa kumi na moja na nusu.

Cha kwanza kabisa, suuza chungu cha ndani na maji ya uvuguvugu ili kisishtuke, kirudishe, mimina vile vikombe viwili vya maji ya moto, funika, washa HIGH. Kiache kinapata joto wakati wewe unakaanga. Hayo maji ndo maji yote ya mchuzi wako, hutaongeza mengine. Najua mkono utakuwasha uongeze, kwenye sufuria ya kawaida tumezoea mvuke unatoka, huku mfuniko unaurudisha wote ndani, na nyanya zinatoa maji yake, na vitunguu vinatoa. Mchuzi ukianza mzito utaishia wa kawaida, ukianza wa kawaida utaishia supu. Ndo maana nikasema nyanya za Ilula.

Sasa kukaanga. Hapa ndo watu wanaruka, wanasema si slokuka inapika yenyewe? Inapika, ila haina uwezo wa kuipa soseji rangi, joto lake ni la maji tu, halifiki kule kwenye kuungua kidogo kunakoleta ile harufu na ngozi ya kahawia. Soseji isiyokaangwa ikitoka humo ina ngozi laini iliyokunjamana, haina mvuto hata kidogo. Weka kikaango kwenye gesi au mkaa, mafuta vijiko viwili, yakipata moto panga soseji zikiwa na nafasi, kumi au kumi na mbili kwa mkupuo. Ukizibananisha zinatoa maji na kuchemka badala ya kukaangika, utasikia mlio unabadilika, ule wa chwaaa unakuwa wa bwabwabwa, ujue umeshazidisha, toa mbili tatu. Geuza geuza dakika nne hivi mpaka kila upande una rangi ya mkate uliookwa vizuri. Usizitoboe kwa uma. Najua mama zetu walitufundisha kutoboa zisipasuke, ila ukitoboa mafuta na utamu wote unabaki kwenye kikaango, moto wa wastani unatosha kuzizuia zisipasuke. Hujaziivisha hapo, umezipa rangi tu, kwaiyo usile wala usimwonjeshe mtoto.

Zikitoka kwenye kikaango ziende moja kwa moja kwenye slokuka, zikiwa za moto, ufunike. Za nguruwe zimwage mafuta yaliyozidi kwanza.

Ukimaliza zote, kikaango kile kile usikioshe, ongeza mafuta vijiko viwili weka vitunguu. Vikishalainika weka saumu na tangawizi, vikinukia weka nyanya ya kopo uikaange mpaka mafuta yajitenge, isipokaangwa inabaki na ule uchachu wa kopo. Kisha karii na binzari, nyanya mbichi, karoti, hoho, koroga mpaka nyanya zimepondeka. Chota upawa mmoja wa yale maji ya moto kwenye slokuka mwagia kikaango, kwangua yale ya kahawia yaliyoshika chini, hayo ndo ladha yenyewe. Asali, koroga, na mchuzi ukiwa unatokota mimina juu ya soseji. Funika. Inatakiwa iwe haijazidi saa moja asubuhi.

Iache HIGH mpaka saa mbili na nusu, yani saa moja na nusu nzima. Pembeni uone vipovu vidogo kupitia kioo. Ukiviona weka LOW uende kanisani. Mpaka saa saba ni masaa manne na nusu ya LOW, jumla masaa sita. Ukiwa pwani ungeweza kutumia manne. Kanuni yangu kwa huku juu, kila saa moja ya kwenye kijitabu ongeza nusu saa, na mwezi wa sita mpaka wa nane anza na HIGH daima, hata kama kijitabu kinaruhusu LOW tangu mwanzo. Soseji haziharibiki kwa kuongezewa nusu saa kwenye mchuzi, ila zikifika masaa saba au nane zinaanza kupasuka na kuwa kama uji ndani, kwaiyo usizilaze usiku kucha.

Mfuniko

Usifunue. Kila ukifunua unarudi nyuma dakika ishirini mpaka thelathini, kwa sababu ule moto mdogo unaanza kupasha upya. Shida yetu nyumba ya shughuli kila anayeingia jikoni anataka kuonja, shangazi anafunua, mdogo wa bwana anafunua, bibi anafunua aone kama chumvi ipo, na kila mmoja anajua kafunua mara moja tu. Mi nafunga kitambaa juu ya mfuniko, kwenye vishikio, na nasema kwa heshima, bibi naomba usifunue mpaka nirudi. Wanaelewa. Unataka kuona ndani gusa kioo kidogo matone yadondoke, utaona.

Umeme

Slokuka mbili kwenye ekstensheni moja nzuri hazina shida, ila birika na pasi visichomekwe hapo hapo. Ekstensheni iguse kwa mkono baada ya nusu saa, ikiwa ya moto ibadilishe. Na iwe mbali na sehemu watoto wanapita, chungu cha lita sita cha mchuzi wa moto kikivutwa na waya ni balaa.

Umeme ukikatika inategemea slokuka yako. Ya swichi ya kuzungusha, umeme ukirudi inaendelea yenyewe, kwaiyo unaweza ukarudi nyumbani ukaikuta inafuka vizuri na usijue ilizima masaa mawili. Ya vitufe na namba, ikizima imezima, haiwaki tena. Ndo maana naacha mtu nyumbani, hata kijana wa sekondari anatosha, na namwachia maagizo matatu. Ukikatika kabla ya saa nne, usisubiri, hamishia kwenye sufuria ya kawaida uweke kwenye gesi mpaka ichemke kabisa na iendelee kutokota. Ukikatika saa sita na kila kitu kilikuwa kinatokota, acha mfuniko ulivyo, kile chungu kizito kinatunza joto, kuna masaa mawili. Na kama hujui ulikatika muda gani na ukishika chungu ni vuguvugu, niambie, usinifiche. Kama hakuna mtu wa kubaki, chomeka saa ya mezani ya umeme kwenye ekstensheni hiyo hiyo, ukirudi ukakuta namba zinapepesa ujue umeme ulicheza. Soseji ambazo hazikuiva na zimekaa vuguvugu zaidi ya masaa mawili zinatupwa. Inauma, kilo tano za soseji siyo hela ndogo, ila watu arobaini kuharisha na wengine wamesafiri kutoka Tunduma na Chunya, hapana.

Kujua kama zimeiva

Usitegemee rangi. Soseji nyingi zina chumvi maalumu ya kuhifadhia nyama, hiyo inafanya zibaki na upinki hata zikiwa zimeiva kabisa, na nyingine zinakuwa kahawia hazijaiva. Kipimajoto cha nyama ni kitu kidogo, nunua kimoja kitakaa miaka, kichome kwenye soseji nene iliyo katikati ya chungu kwa urefu wake: ng'ombe na nguruwe digrii 71, kuku 74. Kama huna, chukua ile nene ya katikati ikate, mvuke utoke hadi ndani kabisa, maji yake yawe meupe, nyama iwe imeshikana haivutiki kama donge bichi. Mvuke ukitoka juu tu na ndani hamna, rudisha, HIGH, nusu saa nyingine.

Mchuzi ukiwa mwepesi, kornflawa vijiko viwili koroga kwenye maji baridi robo kikombe, mimina polepole ukikoroga, HIGH dakika ishirini. Hiyo robo kikombe tu ndo maji baridi yanayoruhusiwa. Chungu changu cha kwanza kabisa kilipasuka nilipomiminia jagi zima la maji ya bomba kikiwa cha moto, kilitoa mlio mmoja tu, tak, ufa ukaenda kutoka juu mpaka chini na mchuzi ukaanza kuvuja mezani. Na usikitue kwenye sakafu ya saruji ya baridi, weka taulo kwanza.

Chumvi onja sasa hivi. Nyunyiza giligilani.

Wanaotaka kuongeza viazi na maharage

Viazi, ndiyo, tena vya Uyole au vya Njombe vinafaa kabisa, ila punguza soseji ziwe 30. Viazi vinachelewa kuiva kuliko nyama humu, kwaiyo kata vipande vidogo, vichemshe dakika kumi kwenye sufuria kwanza, na vikae chini kabisa na pembeni, soseji juu yake.

Maharage mabichi, hapana kabisa, na hili naomba mnisikilize. Maharage hasa yale mekundu yana sumu yake ya asili inayovunjwa na kuchemka kwa nguvu. Joto la slokuka linaweza lisifike hapo, na joto dogo linaweza kuifanya hiyo sumu iwe kali kuliko yalivyokuwa mabichi. Punje chache tu zinatosha kumtapisha mtu. Loweka usiku kucha, mwaga maji, chemsha kwenye maji mapya kwa moto mkali nusu saa bila kupunguza, na kwa Mbeya mi nashauri uyaivishe kabisa kwenye mkaa kisha ndo uyaingize kwenye slokuka kuungana na mchuzi.

Kugawa

Weka WARM. Hiyo WARM ni ya kutunza tu, inashika juu ya digrii 60, haipiki wala haipashi kilichopoa. Ukilazimika kutumia hotpoti, ijaze maji ya moto dakika kumi kabla, yamwage, ndo uweke chakula. Sahani zikishatoka mezani zihesabie masaa mawili.

Watu wazima wali wa Kyela, au ndizi za Tukuyu za kuchemsha, na kachumbari yenye pilipili. Watoto skonsi, ipasue katikati, soseji ndani, kijiko cha mchuzi, na wanashika wenyewe. Ila wale wadogo chini ya miaka mitano usiwape soseji nzima wala vipande vya duara, duara linaziba koo la mtoto kama kizibo. Ipasue kwa urefu, tena kwa urefu, ndo ukate vidogo vidogo. Mi nafanya sahani yao kabla ya watu wote, na namkabidhi mama yao mkononi.

Zilizobaki

Toa kwenye chungu, gawanya kwenye vyombo vipana visivyo na kina ili zipoe haraka, ndani ya masaa mawili ziwe friji. Usiingize chungu kizima kwenye friji, kitakaa na joto lake usiku mzima katikati humo. Zinakaa siku tatu, nne mwisho. Kupasha ni kwenye sufuria mpaka zitokote, slokuka haipashi kiporo.

Chungu kikishapoa chenyewe, siyo kwa maji baridi, loweka maji ya uvuguvugu na sabuni saa moja, pitisha sponji laini, steelwire inakwangua. Ile sehemu ya umeme futa kwa kitambaa chenye unyevu tu, isizame. Kama ni ya kuazima irudishe kesho yake na mfuniko wake, na kakontena ka soseji mbili za mchuzi juu.